Namna ya Kuunda Sanamu ya Ndege kwa Vyuma Chakavu

Mwaka 1942 msanii Pablo Picasso aliunganisha kiti cha baiskeli na usukani, akapata kichwa cha fahali. Kazi hiyo inaonyesha kanuni ninayoifuata: umbo hutafutwa ndani ya kitu chenyewe.

Kwanza, kusanya vitu vingi kuliko utakavyohitaji: vijiko, uma, mikasi, minyororo, sepetu zilizovunjika mpini. Usichukue betri wala makopo ya dawa ya kupuliza.

Pili, loweka vyuma vyenye kutu katika siki usiku kucha, uvisugue kwa brashi ya waya, uvisuuze na kuvikausha papo hapo, kwa kuwa chuma kitupu hushika kutu upya upesi. Rangi ya zamani huenda ina madini ya risasi, hivyo usiipige msasa ikiwa kavu.

Hatua ya tatu, ambayo mimi huipa siku kadhaa, ni kupanga bila kuunganisha. Tandaza vitu sakafuni na ukigeuze kila kimoja pande zote: sepetu iliyofudikizwa huwa mgongo, uma uliokunjwa huwa mguu wenye vidole, na mkasi uliofunguka kidogo huwa mdomo. Piga picha kila mpangilio kabla ya kuuvuruga, kwani ule wa kwanza mara nyingi ndio huwa na uhai zaidi.

Kabla ya kuweka miguu, ning'iniza kiwiliwili kwa uzi mmoja, ukiusogeza mpaka kitulie bila kuinama. Nyayo zikae chini ya hapo uzi uliposhika, juu ya kitako kipana na kizito.

Sasa unganisha. Chomelea kwanza nukta ndogo tu, utazame sanamu kutoka kila upande, ndipo ukamilishe. Shaba na alumini hazichomelewi kwa chuma kwa njia ya kawaida. Zitoboe, uzifunge kwa bolti au waya. Tahadhari kubwa ni juu ya mabati, yaani chuma kilichofunikwa kwa tabaka la zinki: zinki hiyo ikiungua hutoa moshi unaoleta homa na kifua kubana, kwa hiyo ondoa tabaka hilo panapochomelewa, fanyia kazi mahali penye hewa, na uvae barakoa ya kuchuja moshi wa metali.

Mwisho, paka vanishi isiyo na rangi. Mimi sifichi mikwaruzo wala chapa za kiwandani, kwa sababu ndizo zinazomwezesha mtazamaji kuona ndege na sepetu kwa wakati mmoja.