Uyoga wa kichuguu au wa sumu? Namna ya kuukagua kabla haujaingia chunguni

Hapa tunazungumzia uyoga mmoja tu, ule wa kichuguu unaotoka mvua zinapoanza, kwa maana ndio unaookotwa sana na ndio wenye pacha mbaya. Pacha huyo ni Chlorophyllum molybdites: mkubwa, mweupe, ana magamba ya kahawia juu ya kofia, huota kwenye nyasi za uwanjani na penye samadi. Ukimla, ndani ya saa 1 hadi 3 unatapika na kuharisha.

1. Chimba, using'oe. Tumia kisu chembamba cha jikoni. Panga hukata kitako, na kitako ndicho unachokitafuta. Shuka kama sentimita 15 kando ya shina. Uyoga wa kichuguu una mzizi unaoendelea kushuka hadi kwenye kiota cha mchwa. Si lazima uufikie mwisho, ona tu kwamba unaendelea. Shina likiishia kwenye kifuko kama ganda la yai lililopasuka, hiyo ni Amanita, jamii ya uyoga ambayo baadhi yake huua, uache. Zipo Amanita zinazoliwa kwenye miombo, lakini anayejifunza hana kazi nazo. Chini ya misonobari kuwa mkali zaidi: Amanita phalloides, unaoua kwa kuharibu ini, umeshaonekana kwenye misonobari Tanzania.

(Vile vidogo vya kichuguu vya sentimita 2 vinavyotoka kwa mamia havina mzizi mrefu. Mwongozo huu hauvihusu.)

2. Beba kwenye kikapu. Kwenye mfuko wa nailoni uyoga hutoa jasho na kuoza kabla hujafika nyumbani.

3. Pata rangi ya spora, yaani mbegu za uyoga zinazodondoka kama unga. Usiamini rangi ya matamvua, zile kurasa nyembamba chini ya kofia. Pacha akiwa mchanga matamvua yake ni meupe kabisa. Ukijani huja baadaye, wakati mwingine wewe umeshakula. Kinachosema kweli ni unga unaodondoka.

Chagua kofia iliyokwisha kufunguka. Iliyojikunja bado haitoi kitu. Kata shina liwe sawa na matamvua, kisha laza kofia juu ya kioo, matamvua yakitazama chini. Mimi napendelea kioo kuliko karatasi, maana kwenye karatasi nyeupe unga mweupe hauonekani, na karatasi hulowa. Dondosha tone moja la maji juu ya kofia, funika na bakuli, acha saa 8 hadi 12. Usiweke karibu na jiko wala feni: kofia ikikauka haidondoshi.

Asubuhi inua kofia wima bila kuiburuta. Ukikuta michirizi ya maji ya kahawia, funza wamepita au uyoga umeoza. Tupa, rudia na mwingine. Ukikuta unga, ukusanye kwa wembe uwe kirundo kidogo. Ukiwa umetandazwa, waridi iliyopauka huonekana nyeupe, na hapo ndipo wengi hupotea. Utazame mlangoni kwa mwanga wa jua, kwa sababu taa ya ndani hudanganya rangi hizi hasa.

Kijani cha zeituni: ni pacha, tupa wote uliookota naye. Nyeupe tupu: huenda ni Amanita, tupa. Waridi hafifu au krimu yenye uwaridi: inalingana na uyoga wa kichuguu, lakini peke yake haitoshi. Upo uyoga mwingine wenye unga wa waridi, na baadhi yake una sumu. Ni lazima waridi na mzizi viwe pamoja. Kimoja kikikosekana, hakuna mboga leo.

4. Pasua uyoga mchanga katikati, juu hadi chini. Ukiona umbo la uyoga mdogo limefungwa ndani ya ganda, ni Amanita.

Programu za simu za kutambua kwa picha sizipendekezi kwa chakula. Picha haioni mzizi uliobaki ardhini wala unga. Kuona wadudu au konokono wameula nako si kipimo, na kuchemsha hakuondoi sumu ya Amanita phalloides.

5. Bakiza mmoja mbichi, mzima na kitako chake, umezungushiwa karatasi, kwenye friji. Mtu akianza kutapika saa 6 au zaidi baada ya kula, nenda naye hospitali na uyoga huo mkononi, hata akisema kesho yake amepata nafuu. Sumu ya ini huwa na siku hiyo ya nafuu, huku ini likiendelea kuharibika.