Jinsi ya kuchora chumba cha nyumbani kutoka kichwani (na tunachojifunza kwa Njideka Akunyili Crosby)

Watu wengi wakitaka kuchora nyumba waliyokulia, kitu cha kwanza wanafungua simu kutafuta picha za zamani halafu wanakopi. Naomba usianzie hapo. Picha ikishakaa mbele yako inafunika ile uliyonayo kichwani, mwishoni unachora kilichoonwa na kamera na wewe mwenyewe humo haupo.

Anza na penseli na karatasi yoyote. Chagua chumba kimoja tu, sio nyumba nzima, afu chora ramani yake kama unakiangalia kutoka juu: mlango uko wapi, ukiingia unakutana na nini, dirisha liko upande gani, kochi limeegemea ukuta upi. Ukifika kona usiyoikumbuka usibuni, iache nyeupe. Kama una ndugu mliyekua pamoja mwombe naye achore ya kwake bila kuona yako, yaani hapo ndo utamu unapoanza, maana yeye ataweka meza mahali wewe umeweka kitanda, na kabati ambalo kwako lilifika dari kwake ni la kawaida tu. Usitafute nani yuko sahihi. Kama kabati lilikuwa kubwa machoni pako ulipokuwa mdogo, lichore kubwa, na uchore kutokea urefu uliokuwa nao wakati ule, sehemu ya chini ya meza ionekane kuliko juu yake.

Sasa mwangalie mchoraji Njideka Akunyili Crosby. Kazaliwa Enugu, Nigeria, mwaka 1983, kahamia Marekani 1999 na anafanyia kazi Los Angeles. Michoro yake mingi ni sebule, meza za chakula, vitanda, watu wametulia tu ndani, kwenye karatasi kubwa sana. Ukiwa mbali unaona chumba kimetulia, ukisogea unagundua ukuta, sakafu au nguo ya mtu imejaa vipicha vidogo vya familia, vya magazeti na vya watu maarufu wa Nigeria. Kwa hiyo mtu amekaa kwenye nyumba ya Marekani lakini Nigeria imeenea mpaka chini ya miguu yake. Mwaka 2018 alifanya hivohivo kwenye mchoro mkubwa wa sebule uliowekwa kwenye mlango wa stesheni ya Brixton, London. Mimi naona hii ndo njia ya kweli kuliko zote za kuchora kumbukumbu, maana hakuna mtu anayekaa kwenye nyumba moja tu kichwani.

Njia anayotumia kuhamisha vipicha hivyo kutoka kwenye kopi kwenda kwenye karatasi unaweza kuijaribu mwenyewe. Toa kopi kwa mashine ya fotokopi au printa ya leza, zile zinazotumia wino wa unga, kopi ya printa ya wino wa maji haikubali vizuri. Lalisha kopi kifudifudi juu ya karatasi nzito, lowesha kitambaa kwa asetoni kidogo (kimiminika kinachotumika pia kuondoa rangi ya kucha), pangusa mgongo wa kopi, kisha sugua kwa nguvu kwa mgongo wa kijiko, sehemu ndogondogo kwa sababu asetoni inakauka upesi sana. Inua pembe uchungulie kabla hujabandua yote. Ukilowesha kupita kiasi wino unatambaa na sura zinapotea. Picha itatoka imegeuka kushoto kulia, kwa hiyo kama ina maandishi igeuze kwenye kompyuta kwanza. Fungua madirisha, vaa glavu, na moto usiwe karibu kabisa, asetoni inashika moto haraka.

Usijaze vipicha kila mahali. Acha ukuta mmoja uwe rangi tupu ya akriliki ili jicho lipumzike, na chagua kitu kimoja utakachokichora kwa uangalifu wote kwa penseli za rangi: taa, birika, redio, chochote ambacho mkono wako bado unajua uzito wake.

Kwenye rangi mfikirie Pierre Bonnard, Mfaransa aliyechora sana vyumba vya nyumba yake ya Le Cannet, kusini mwa Ufaransa, aliyoinunua 1926. Alikuwa anachora michoro midogo ya haraka kwenye vitabu vyake vya shajara, anaandika na hali ya hewa ya siku hiyo, kisha rangi anaipaka baadaye kutoka kichwani, turubai ameipigilia ukutani tu. Ndo maana kuta zake zinaweza kuwa njano au zambarau na bado unaamini. Na wewe andika kwanza chumba kilikuwa na mwanga wa saa ngapi, afu rangi zote zifuate saa hiyo.

Picha za simu fungua sasa, tena kwa maswali madogo tu, mfano kitasa kilikaaje au pazia lilikuwa na maua gani. Ukikuta dirisha kumbe lilikuwa upande mwingine, liache pale ulipoliweka.