Somo: Umeshtakiwa chini ya Amri ya XXXV? Omba kwanza ruhusa ya kujitetea

Watu wengi wanapoteza kesi hizi kabla hazijasikilizwa. Mtu anapokea wito, anakimbilia kuandika utetezi wa maandishi kama kwenye kesi nyingine za madai, kisha anasubiri tarehe. Kesi za Amri ya XXXV, sehemu ya sheria ya Tanzania ya kesi za madai, zinakwenda kwa utaratibu wa muhtasari, yaani njia ya mkato: mdaiwa hajitetei mpaka mahakama imruhusu. Asipoomba, anahesabika amekubali madai yote, na mdai anapewa tuzo, yaani amri ya mahakama ya kulipwa.

Hatua ya 1. Soma hati ya madai na wito mpaka mwisho. Ukikuta imetajwa Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, ujue ni kesi ya namna hii. Mara nyingi ni hundi, hati ya ahadi ya kulipa, mkopo wa rehani au deni la Serikali.

Hatua ya 2. Andika tarehe uliyopokea wito. Siku zinakwenda, na "tunazungumza na mdai tumalizane" hakuzisimamishi.

Hatua ya 3. Andaa maombi ya ruhusa pamoja na kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia kuwa ni kweli. Nguvu zako zote ziwe hapa, maana hakimu au jaji anapima kiapo hicho tu. "Sidaiwi na mdai, madai ni ya uongo" haitoshi hata kidogo. Andika hivi: "Tarehe (itaje) nililipa shilingi 4,000,000 kwenye akaunti ya mdai, nakala ya risiti ni kiambatisho A." Nani, lini, kiasi gani, ushahidi uko wapi. Hoja za sheria usiziweke kwenye kiapo. Kesi ya Matovu ya Uganda, 1966, inatajwa mpaka leo kwa jambo hilo. Kiape mbele ya kamishna wa viapo, na hakikisha mahali na tarehe ya kuapa vimeandikwa.

Huhitaji kushinda kesi kwenye kiapo. Onyesha kuna jambo la kweli la kusikilizwa. Rehani ni ngumu zaidi: inabidi uonyeshe kwamba mkopo, au sehemu inayodaiwa, umeshalipwa, au kwamba mkopo haukuchukuliwa kabisa. Kulalamika kwamba riba imekuwa kubwa hakukufikishi huko.

Hatua ya 4. Wasilisha, mpe mdai nakala, hudhuria. Ukiruhusiwa, ndipo unapeleka utetezi wa maandishi.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Nilitoa hundi ya mzigo, mzigo haukuletwa. Nina hoja?
Jibu: Unayo, tena nzuri. Ukieleza hayo kwa kiapo, aliyeshika hundi anabanwa athibitishe alitoa kitu gani kwa ajili yake. Ambatisha oda na meseji mlizoandikiana.

Swali: Nimeruhusiwa kwa sharti la kuweka fedha mahakamani. Inakubalika kisheria?
Jibu: Ndiyo. Ruhusa inaweza kuwa na masharti, fedha au dhamana. Kama huwezi, rudi mahakamani kabla muda haujaisha ueleze hali yako kwa vielelezo. Ukikaa kimya, ruhusa hiyo haitakufaa kitu.

Swali: Tuzo imeshatoka, na wito sikuwahi kuuona. Nimekwisha?
Jibu: Bado. Amri hiyo hiyo, kanuni ya 4, inairuhusu mahakama kutengua tuzo na kusimamisha utekelezaji pakiwa na mazingira maalumu. Omba mara moja, na kwenye kiapo eleza mambo mawili: kwa nini wito haukukufikia, na utetezi wako ni upi.