Kudifragi diski ya nje na flashi: jua kwanza kilichomo ndani

Shemeji yangu hupiga video za harusi hapa Tanga. Juzi aliniletea mfuko wenye diski ya nje ya TB 2, nyingine nyembamba ya GB 500 na flashi ya GB 64. Video zilikuwa zinakwamakwama akihariri. "Shemeji, nidifragie zote tatu," akasema, yaani nizipange upya faili zilizotawanyika ndani yake. Hatukudifragi hata moja, na kazi yake sasa inakwenda vizuri. Hivi ndivyo tulivyofanya, kwenye Windows 10.

1. Weka nakala mahali pengine

Kama harusi ya mtu imo kwenye diski moja tu, usiendelee hadi iwe kwenye mbili.

2. Tambua aina ya diski

Hapa niliwahi kupoteza usiku mzima, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Difragi hukusanya vipande vya faili vilivyotawanyika. Inafaa kwenye diski yenye sahani inayozunguka, maana kichwa cha kusomea hulazimika kusafiri kutoka kipande hadi kipande, na kila safari hula kama milisekunde 10 hadi 15. Flashi na SSD (diski za chipu) hazina sahani wala kichwa, na kipande kilicho mbali husomwa upesi sawa na cha karibu. Tena chipu yake yenyewe hutawanya data kwa makusudi ili seli zichakae kwa usawa, kwa hiyo mpangilio nadhifu unaoletwa na difragi haupo kabisa ndani ya chipu. Kinachobaki ni uandishi wa bure, na kila seli ina kikomo cha mara za kufutwa na kuandikwa upya.

Shida ni kwamba Windows yenyewe huweza kukosea. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika `dfrgui`, kisha tazama safu ya "Media type". Mimi nilikuwa na SSD ndani ya kasha la bei rahisi la USB, na safu hiyo ikasema "Hard disk drive". Nikaamini. Nilianza saa tatu usiku, hadi saa nane bado inahamisha mafaili, kasha limepata moto, na asubuhi kasi ilikuwa ileile ya jana. Saketi ya kasha haikuwa inapitisha taarifa kamili za diski, na Windows ikabahatisha.

Kwa hiyo usitegemee dirisha hilo peke yake. Mimi naanza na CrystalDiskInfo, programu ya bure inayosoma taarifa za diski. Tafuta "Rotation Rate": ikiandika 5400 au 7200 RPM, hiyo ni sahani. Ikiandika SSD, acha difragi hapo hapo. Ikikaa kimya, chukua namba ya modeli uitafute kwenye tovuti ya mtengenezaji. Angalia pia kwa mkono: diski ikiwa mezani, weka ncha za vidole juu yake wakati inawaka. Ya sahani hutetema na kuvuma kidogo. Usiinyanyue wala kuigeuza ikiwa inazunguka, kichwa kiko juu ya sahani kwa nafasi ndogo mno na mtikiso unaweza kuikwaruza.

Ile nyembamba ya shemeji iligundulika ni SSD, na Windows ilikuwa imeiandika vibaya vilevile. Ukikuta hivyo, kwenye `dfrgui` ingia "Change settings", kisha "Choose", na uiondolee alama, la sivyo ratiba ya kila wiki itaidifragi bila kukuuliza.

3. Afya

Humohumo CrystalDiskInfo, soma mistari 05 (sehemu mbovu zilizokwisha kubadilishwa) na C5 (sehemu zinazoshukiwa kuwa mbovu), safu ya "Raw Values". C5 ikiwa na chochote zaidi ya sifuri, usidifragi. Nakili data utoke. Difragi husoma na kuandika upya mafaili mengi kwa mfululizo, na diski inayochungulia kaburi haivumilii kazi hiyo.

4. Tundu la USB

Shemeji alikuwa amechomeka diski ya TB 2 kwenye tundu la USB 2.0, linalotoa kama MB 30 hadi 40 kwa sekunde. Tukahamia tundu la bluu, la USB 3.0, na nusu ya malalamiko ikaisha.

5. Pima

Fungua Command Prompt kama msimamizi, andika `defrag E: /A /V`, ukibadilisha herufi. Hii inapima tu, haihamishi kitu. Kama una video kubwa, jua kwamba tangu Windows Vista difragi ya Windows huviacha vipande vyenye zaidi ya MB 64, na inafanya sawa: kusoma MB 64 huchukua zaidi ya nusu sekunde, milisekunde 15 za kuruka hazionekani.

Diski ya shemeji ilikuwa na vipande vingi, lakini nafasi iliyobaki ilikuwa GB 60 tu. Difragi ya Windows inataka angalau asilimia 15 iwe wazi. Diski iliyojaa hivyo hupasua kila faili jipya, hata ukidifragi kila siku.

6. Nakili, fomati, rudisha

Hii ndiyo njia yangu hata pale difragi inapowezekana. Mafaili yakirudi kwenye diski tupu hujipanga kwa mfululizo, na nakala ya pili unayo tayari.

`robocopy E:\ F:\nakala /E /R:1 /W:1 /A-:SH /XD "System Volume Information" "$RECYCLE.BIN"`

Hapa E ni diski ya kazi na F ni ya akiba; amri hii huandikwa kwenye Command Prompt ileile. Usiache R na W. Bila hizo, faili moja bovu litajaribiwa mara milioni moja, kwa kusubiri sekunde 30 kila mara. `/A-:SH` inazuia folda ya nakala isifichike, jambo linalotokea ukinakili kutoka mzizi wa diski. Kwa MB 100 kwa sekunde, TB 2 iliyojaa inachukua saa tano au zaidi, na tena hivyo kurudi. Diski nyingi za inchi 2.5 hupunguza kasi zikiandikwa muda mrefu, usichomoe. Fungua mafaili kadhaa ya nakala, ndipo ufomati. Rudisha kwa mkupuo mmoja, maana kunakili mambo mawili kwa pamoja kunaleta vipande vipya. Sisi tuliacha harusi za zamani kwenye diski ya akiba ili ya kazi ibaki na nafasi.

7. Flashi

Nakili vitu vyote, ipime ikiwa tupu kwa H2testw, programu inayoangalia kama flashi ina ukubwa ulioandikwa juu yake. Ya shemeji iliandikwa GB 64, lakini data ilianza kuharibika baada ya GB 7 na kidogo. Ilikuwa bandia. Amenunua nyingine dukani, na kabla ya kuiwekea faili hata moja tuliipima kwa H2testw hiyohiyo.