Kuboresha Kaseti za Zamani za Taarabu kwa Sauti ya Kiwango cha Juu

Aliye na kaseti ya Juma Bhalo au ya Zuhura Swaleh iliyonunuliwa Mombasa miaka ya nyuma anaweza kuiboresha sauti yake, lakini asitarajie kuichanganya upya, kwa kuwa mwimbaji, taishokoto (ala ya nyuzi yenye vibonye) na ngoma zilikwisha kuunganishwa, na programu zinazozitenganisha huacha mikwaruzo ambayo mpenzi wa taarabu ataisikia mara moja.

Unyevu wa pwani huotesha kuvu kwenye utepe. Kaseti yenye madoa meupe isichezwe kabla ya kusafishwa, maana itachafua deki na kuziambukiza nyingine. Safisha pia kichwa cha deki, yaani sehemu inayosoma utepe, kwa pamba iliyochovywa kwenye spiriti safi, ukingoje kikauke.

Hatua inayostahili subira yako yote ni pembe ya kichwa hicho. Kila deki iliyorekodi ilikuwa na mwelekeo wake, na tofauti ndogo mno kati ya mwelekeo huo na wa deki yako hufifisha masafa ya juu, ambayo hakuna programu itakayoyarejesha jinsi yalivyokuwa. Unganisha chaneli mbili, ya kushoto na ya kulia, ziwe mono, yaani sauti moja, kisha kwa bisibisi isiyo na sumaku zungusha parafujo ya kichwa kidogo kidogo, huku ukisikiliza mpaka nyuzi za taishokoto zing'ae na matamshi ya mwimbaji yatoke wazi. Rudia kwa kila upande wa kila kaseti. Wengi huiruka hatua hii wakakimbilia programu za bei ghali, nami naona hapo ndipo nyimbo nyingi zinapoharibiwa.

Kisha rekodi kwenye kompyuta kwa biti 24 na kilohezi 96, bila kuruhusu kilele cha sauti kipite desibeli -6. Masafa ya kaseti hayafiki mbali kama kilohezi 96 zinavyoruhusu. Faida kubwa iko katika biti, zinazokupa nafasi ya kurekebisha bila kuongeza kelele.

Mvumo wa umeme hukaa kwenye hezi 50, na mara nyingi 100 na 150. Upunguze kwa vichujio vyembamba, vinavyogusa masafa hayo tu. Mchakacho wa utepe upunguze kwa desibeli chache tu, kwani ukiuondoa wote utaondoka na pumzi ya mwimbaji na mwangwi wa ukumbi. Usibane tofauti kati ya sauti ndogo na kubwa ili wimbo wote usikike kwa nguvu. Hifadhi faili ghafi, isiyoguswa, katika diski mbili tofauti, na toleo lililoboreshwa ulitoe kwa FLAC, aina ya faili inayopunguza ukubwa bila kupoteza sauti.