SOMO: Kufunga faili na paswadi kabla ya kutuma (someni kwanza ndio mniulize)

Naandika mara moja. Mkikuja tena inboksi na swali hili nitawatumia linki tu. Mnatuma vitambulisho vya chama kizima na PIN za KRA (za kodi) zikiwa wazi, tena kutoka kompyuta ya saiba hapo Kenyatta Avenue, halafu mnaniuliza kama iko salama. Haiko.

1. Pakua 7-Zip, programu ya kubana na kufunga faili, kwa tovuti yake, 7-zip.org. Ni ya bure, ukiitishwa pesa umepotea njia.

2. Weka faili zote kwa folda moja.

3. Bonyeza folda na kitufe cha kulia cha mausi, ingia 7-Zip, halafu "Add to archive". Kwa Windows 11 kama huioni anza na "Show more options".

4. Hapa tulia. Kwa "Archive format" chagua 7z, andika paswadi mara mbili, halafu utiki kale kaboksi kameandikwa "Encrypt file names". Wengi huruka hako kaboksi. Usipokatiki mtu hawezi kufungua faili lakini majina yote anayasoma bila paswadi, na akiona "Wasiolipa_mkopo.xlsx" na "Kitambulisho_mweka_hazina.jpg" anataka nini tena? Na jina la kifurushi chenyewe (ile faili ya .7z utakayopata) linaonekana hata ukitiki, kwa hivyo usikiite "Madeni ya chama", kiite "kazi1" uende.

ONYO: ukisahau paswadi, faili imeenda. Hakuna mahali pa kubonyeza "nimesahau", hakuna mtu wa kupigia. AES-256, ile kufuli ya 7z, haijui kwamba wewe ndio mwenyewe.

5. Kifungue mwenyewe kwanza uhakikishe paswadi inakubali.

6. Tuma kifurushi kwa imeli ama WhatsApp, paswadi ipitie njia ingine. Piga simu uitaje. Kuziweka zote kwa chati moja ni kufunga mlango na kuacha ufunguo kwa kitasa.

7. Ukiwa saiba futa ile folda ya kwanza, angalia Downloads, mwaga Recycle Bin. Hata hivyo kuna programu za kurudisha vitu vilivyofutwa, kwa hivyo ukiweza fanyia hii kazi kwa mashine yako.

MASWALI

Kondele Base: Paswadi nimeweka 1234, iko sawa?
— Hapana.

Kondele Base: Si hata hujaandika iwe ndefu kiasi gani
— Haya, hiyo ni kweli. Chukua maneno manne ama matano yasiyohusiana, uyaunganishe. Isiwe namba ya simu, isiwe jina la mtoto.

Mkulima wa Molo: Mkuu video yangu imebaki kubwa vilevile, hii kitu haifanyi
— Inafanya. MP4 na JPEG zilishabanwa zamani, hakuna cha kukamua. PDF za kuskani pia mara nyingi ni picha ndani, hizo skani upya kwa dpi (ukali wa picha) 200 badala ya 600.

Mwalimu Bungoma: Samahani, kwa nini si zip? Ofisini wote tunajua zip.
— Swali zuri mwalimu. Ukichagua zip, 7-Zip inakuwekea ZipCrypto, njia ya zamani ambayo udhaifu wake ulichapishwa 1994: mtu akiwa na kipande cha faili moja iliyo ndani, anaweza kuvunja zingine. Unaweza kubadilisha iwe AES-256 hata kwa zip, lakini zip haina kale kaboksi ka kuficha majina. Ndio maana nasema 7z.

Mama Kevo: Na mwenye simu tu atafungua aje?
— Android aweke ZArchiver.

Mkulima wa Molo: Gmail imekataa, ni MB 30
— Mwisho wao ni MB 25, na imeli huongeza uzito wa faili kama theluthi ikisafirishwa. Kwa "Split to volumes" andika 15M, utume vipande kwa imeli tofauti.

Mama Kevo: Mimi nimetumiwa .001 peke yake haifunguki
— Hicho ni kipande cha kwanza tu, dai cha pili, .002. Ukiipata ziweke folda moja, fungua ile ya .001, hiyo ingine itafuata yenyewe.