Ukienda kuiona LST-325, acha mizinga iwe ya mwisho

LST-325 ni meli ya Marekani ya Vita Vikuu vya Pili, ya aina ya LST, yaani meli za kushusha vifaru na magari ufuoni. Imefungwa ukingoni mwa mto Ohio, mjini Evansville, Indiana, na wageni wanaruhusiwa kupanda. Ulizia kabla ya kufunga safari, maana karibu kila mwaka huondoka kwenda kutembelea miji mingine ya mito, na hasara ya kukuta gati tupu ni yako. Vaa viatu visivyoteleza. Ngazi za ndani ni za chuma na zimesimama kweli kweli. Mwenye dera refu ajipange.

Wageni wengi wakifika hukimbilia mizinga. Mimi nimekula mshahara wa ubaharia kwenye feri ya Likoni, na nasema hivi: meli hii kazi yake ilikuwa kupakua, kwa hiyo ikague kama chombo cha kupakua. Anzia omo, yaani mbele. Milango miwili inafunguka kando, halafu rampu inalala mbele. Aliyevuka Likoni ameshaelewa. Ila feri ina gati la zege linaloingoja. Hii, yenye urefu wa mita 100, ilikuwa inapanda mchanga wenyewe, na huku inapigwa risasi.

Hapo ndipo umuulize anayekutembeza habari za farumi, uzito unaotiwa chini ya meli ili itulie majini. Chombo cha kuvuka bahari kuu hutakiwa kizame vizuri, cha kupanda ufuo kielee juu. Mchoraji wa meli John Niedermair aliutatua ubishi huo Novemba 1941: matangi yajazwe maji ya bahari safarini, yatolewe maji kwa pampu meli ikikaribia ufuo. Meli ikiwa tayari kupanda, omo huzama zaidi kidogo ya mita moja na tezi, yaani nyuma, karibu mita tatu, ili mkuku, ule uti wa chini ya meli, ulale sawa na mteremko wa mchanga.

Kisha nenda tezi uitazame nanga ya nyuma. Usiipite haraka. Iliangushwa meli ikiwa bado mbali na ufuo, waya ukaachiwa taratibu hadi omo inagusa. Wakati wa kuondoka, winchi iliuvuta waya huo na meli ikarudi kinyumenyume majini. Bila nanga hiyo mawimbi yangeisukuma meli ikakaa ubavu kwenye ufuo, na hapo huna meli tena. Maji yakipwa haraka, mabaharia walikaa juu ya mchanga mkavu wakingoja yajae, nayo magari yakishuka bila kulowa.

Shuka sasa kwenye sitaha ya vifaru uangalie juu, kwenye feni. Vifaru viliwashwa ndani milango ikiwa bado imefungwa, na moshi ule ungeua watu. Jeshi lilijenga mfano kamili wa sitaha hii Fort Knox, Kentucky, mwaka 1942, kwa ajili ya kupima upitishaji hewa tu.

Ukiwa hapo chini ndipo uifikirie safari yenyewe. Gela, Sicily, Julai 1943. Salerno, Italia, Septemba. Ufuo wa Omaha, Normandy, Ufaransa, tarehe 7 Juni 1944, ikiwa na magari 59. Ikarudi Uingereza na majeruhi 38. Baada ya hapo ilivuka Mfereji wa Uingereza zaidi ya mara 40. Desemba 28 mwaka huo ilisaidia kuokoa watu wapatao 700 wa Empire Javelin, meli ya Uingereza ya kubeba askari. Na yote hayo kwa mwendo usiozidi fundo 12! Mabaharia wenyewe walizitania LST kuwa shabaha kubwa za kujikokota.

Mizinga? Dakika tano zinatosha.

Kama unafuatilia LST nyingine, itafute kwa namba. Wakati wa vita hazikuwa na majina. Marekani ilizipa majina ya kaunti mwaka 1955, zile zilizokuwa zimebaki. Shajara zao za vita zimo katika Hifadhi ya Taifa ya Marekani. Na kama babu yako alikuwa askari wa KAR (King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki) aliyepelekwa Madagaska 1942, tafuta pia Bachaquero, meli ya mafuta ya Ziwa Maracaibo iliyogeuzwa kubeba vifaru na kutumika kwenye shambulio la Mei kisiwani humo, kabla ya KAR kufika. Hiyo ni ya Waingereza, kwa hiyo nenda kwenye hifadhi yao ya taifa iliyoko Kew, London.